Jina la Kichina kwa herufi zetu: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukurasa huu ni wa mtu aliyekutana na jina la Kichina nyuma ya picha ya zamani, kwenye orodha ya abiria wa meli, kwenye risiti ya duka au ndani ya kitabu cha historia, akalitafuta mtandaoni, akarudi mikono mitupu. Au akarudi na majibu matano yanayopingana, jambo ambalo ni baya zaidi. Nimekuwa nikisaidia watu kufuatilia majina ya namna hii kwa miaka kadhaa, na haya ndiyo maswali yanayonifikia mara nyingi zaidi.

Nina jina tu na simu mkononi. Nianzie wapi?

Anzia kwenye karatasi, jina liweke kando kwanza. Karatasi hiyo iliandikwa wapi, mwaka gani, na nani aliyeshika kalamu? Mara nyingi mwenye jina hakuliandika hivyo unavyoliona. Jina lake lina herufi mbili au tatu za Kichina, na hizo ndizo jina lenyewe. Unachokiona wewe ni sauti iliyoingia kwenye sikio la karani wa bandari, ofisa wa uhamiaji au padri aliyembatiza, naye akaiandika kwa tahajia ya lugha aliyosomea.

Jambo hili kwetu si geni. Mtu mmoja anaweza kuwa Khamis kwenye cheti cha kuzaliwa, Hamisi kwenye kadi ya mpiga kura na Hamis kwenye pasipoti. Ukikuta Hamisi mahali, huwezi kuapa kwamba si yule Khamis unayemtafuta, wala huwezi kuapa kwamba ndiye. Unauliza aliandikishwa wapi na nani. Basi kwa Mchina uliza hayohayo, ila mara kumi zaidi, kwa sababu kati ya kinywa chake na kalamu ya karani kuna tofauti kubwa kuliko iliyopo kati ya Unguja na bara.

Naambiwa Chen, Chan na Tan ni ukoo mmoja. Inawezekanaje?

Inawezekana kwa sababu herufi ni moja, 陳, na wanaoisoma ni watu wa lugha tofauti. Kwa Kimandarini, lugha ya shule na serikali, ni Chen. Kwa Kikantoni, lugha ya Hong Kong na Guangzhou, ni Chan. Kwa Kihokieni, lugha ya kusini mwa Fujian iliyosambaa hadi Penang, Singapore na Java, ni Tan. Mvietinamu akiisoma ni Trần. Vivyo hivyo 林 ni Lin, Lam, Lim au Liem, na 黃 ni Huang, Wong, Ooi au Oei.

Kinachowapoteza watu ni njia ya kurudi. Wong ya Kikantoni inaweza kuwa 黃, inaweza pia kuwa 王, koo mbili zisizohusiana, kwa sababu kwa Kikantoni zote mbili huandikwa vilevile. Na Tan, ukiisoma kama Kimandarini cha leo, inakupeleka kwa 譚, ukoo mwingine kabisa.

Hapo nilianguka mimi mwenyewe. Familia moja ya pwani iliniletea jina la babu yao, Tan, wakitaka herufi zake zichongwe kwenye jiwe la kaburi. Nikafungua kamusi ya Kimandarini, nikawapa 譚 kwa moyo mweupe. Wiki mbili baadaye binti wa nyumba akanitumia picha ya mkoba wa ngozi wa babu, na ndani ya kifuniko, kwa wino mwekundu uliofifia, kulikuwa na muhuri wa mraba usiozidi ukucha wa kidole gumba. Upande wake wa kulia, juu, ilionekana wazi: 陳. Mzee alikuja kwa njia ya Penang, na hilo walikuwa wameniambia siku ya kwanza. Sikulisikia. Nimewaandikia watu wengi tangu hapo, lakini herufi ile bado naiona.

Nitajuaje jina limeandikwa kwa mfumo gani?

Sikiliza mwisho wa silabi kwanza. Kimandarini humaliza silabi kwa irabu, au kwa n, au kwa ng, na mara chache sana kwa r. Basi. Kwa hiyo ukikuta Lam, Lim, Yap, Kwok au Sit, jua mara moja kwamba si Kimandarini. Ni lugha za kusini zilizohifadhi m, p, t na k za zamani. Kipimo hiki hakihitaji kamusi, na peke yake kinaondoa nusu ya makosa ninayoyaona mtandaoni.

Halafu tazama mwanzo. Q, x na zh ni dalili za pinyin, mfumo wa kuandika Kimandarini kwa herufi za Kilatini uliopitishwa China mwaka 1958. Hs, kama katika Hsu au Hsieh, ni Wade-Giles, mfumo wa zamani wa kazi hiyohiyo, uliotokana na kazi ya Mwingereza Thomas Wade katikati ya karne ya 19 na kukamilishwa na Herbert Giles kwenye kamusi yake ya mwaka 1892. Huko Taiwan majina mengi ya watu bado huandikwa hivyo. Tj na oe ni mkono wa Mholanzi, yaani Java na visiwa vya jirani: Tjoa, Oei. Cheung, Leung na Kwok ni Hong Kong. Tch na ou ni Mfaransa, na wasomaji wa Bukavu, Bujumbura na Kigali waliosoma magazeti ya zamani watakumbuka Mao Tsé-toung na Tchang Kaï-chek.

Kuna alama moja ndogo ambayo naomba uiangalie kwa makini kuliko zote: kituo cha juu kinachokaa baada ya herufi, kama katika Ch'en. Mtu wa Mombasa ataielewa haraka. Kwa Kimvita, tembo ni kile kinywaji kinachogemwa mnazini, na t'embo, kwa pumzi, ni ndovu. Paa liko juu ya nyumba, p'aa yuko porini. Ondoa ile alama kwenye maandishi na ndovu amegeuka kinywaji. Wade-Giles inafanya kazi kwa pumzi hiyohiyo. Chu bila alama ni Zhu ya pinyin. Ch'u ni Chu. Chü yenye nukta mbili ni Ju. Na Ch'ü ni Qu. Sasa mpe mpiga chapa asiye na alama hizo kwenye mashine yake. Wote wanne wanatoka wakiitwa Chu. Kwa hiyo ukikuta Chu kwenye gazeti la miaka ya 1960, usikimbilie ukoo mmoja. Una milango minne, na kila mlango una herufi kadhaa nyuma yake.

Nimekuta jina "Ng". Je, limekatwa?

Halijakatwa. Ni ile ng' ya ng'ombe ikisimama peke yake, na Mswahili analitamka vizuri kuliko Mzungu aliyeliandika. Kwa Kikantoni ni 吳 au 伍, ambazo kwa Kimandarini zote ni Wu. Kwa Kihokieni ni 黃, yaani Huang. Bandari aliyotokea ndiyo itakayoamua.

Jina la ukoo ni lipi kati ya hayo matatu?

Kwa kawaida ni la kwanza. Lakini karani wa Kizungu, aliyezoea ukoo kukaa mwisho, mara nyingi aligeuza mpangilio au akachukua kipande cha mwisho akakifanya ukoo wa watoto. Mfano ulio karibu nasi uko Mauritius, kwenye noti ya rupia 25. Picha iliyomo ni ya Sir Jean Moilin Ah-Chuen, mfanyabiashara na waziri aliyezaliwa mwaka 1911 na kufariki mwaka 1991. Shika noti hiyo usome jina kipande kwa kipande. Jean ni la Kifaransa. Ah-Chuen, linalokaa mahali pa ukoo, si ukoo: linatokana na jina la baba yake, likitanguliwa na "Ah", 阿, kiambishi ambacho Wachina wa kusini hulitia jina la mtu waliyemzoea. Ukoo wao ni 朱, Chu kwa tahajia ya zamani na Zhu kwa pinyin, na kwenye noti haupo.

Kilichobaki ni Moilin, na hicho ndicho ninachokipenda. Kimandarini hakina silabi "moi". Kihakka, lugha nyingine ya kusini, kinayo. Herufi 梅 ambayo Mmandarini huiita mei, Mhakka huiita moi, na Wachina wengi wa Mauritius ni Wahakka waliotoka Meixian, mji ambao wenyewe huuita Moiyen, kwa herufi hiyohiyo. Kwa hiyo Moilin ni 梅麟, na mtu anayetafuta kumbukumbu zake kwa Kichina lazima aandike 朱梅麟. Akiandika "Ah-Chuen" kwenye maktaba ya Kichina atatafuta hadi jioni.

Neno jingine la kuangalia ni Shee au Shih, 氏, kwenye hati za wanawake. "Wong Shee" maana yake ni mwanamke aliyezaliwa kwenye ukoo wa Wong. Jina lake mwenyewe halikuandikwa. Inauma kulikuta, na utalikuta mara nyingi.

Mtu mmoja anaweza kuwa na majina mangapi?

Zamani mtu msomi alikuwa na jina la nyumbani, jina la heshima alilopewa akikua, na la kujichagulia. Sun Yat-sen, mwanzilishi wa Jamhuri ya China, ndiye mfano mwepesi: Yat-sen ni matamshi ya Kikantoni ya 逸仙, na Wachina wenyewe humwita Sun Zhongshan, jina lililotokana na lile la Kijapani, Nakayama, alilolitumia akiwa uhamishoni. Ukimtafuta kwa pinyin ya "Yat-sen" pekee, utakosa karibu kila kitu alichoandikiwa na watu wake.

Naomba mfano mmoja wa uchunguzi kuanzia mwanzo hadi mwisho.

Nitachukua unaotuhusu. Kwenye vitabu vya historia ya pwani yetu utakutana na mtu anayeitwa Chau Ju-kua, anayetajwa kuwa Mchina aliyeandika habari za nchi ya Wazanji. Ukimtafuta mtandaoni unapata Chao Ju-kua, kisha Zhao Rugua, kisha Zhao Rukuo, na kwenye kurasa nyingine Zhao Rushi. Wapo walioandika kana kwamba ni watu wawili tofauti.

Hatua ya kwanza, karatasi. Tahajia "Chau Ju-kua" imetoka kwenye tafsiri iliyochapishwa St. Petersburg mwaka 1911 na Friedrich Hirth na W. W. Rockhill. Imeishiwa haki zake za uchapaji, kwa hiyo unaweza kuifungua bure mtandaoni na kukuta herufi zenyewe za Kichina: 趙汝适. Hapo tayari tumetoka kwenye sauti tukaingia kwenye jina. 趙 ni Chao kwa Wade-Giles na Zhao kwa pinyin, hakuna ubishi. 汝 ni ju kwa Wade-Giles na ru kwa pinyin; hakuna ubishi pia.

Ugomvi wote uko kwenye herufi ya tatu, 适. Katika maandishi ya zamani ni herufi inayojitegemea, isomwayo kuo, na watu wa enzi ya Song, nasaba ya kale ya wafalme wa China, walipenda kuiweka kwenye majina. Hirth alifuata usomaji mwingine wa zamani, kua, na waliogeuza kitabu chake kwenda pinyin bila kuitazama herufi wakapata "gua". Kisha, China iliporahisisha maandishi yake katika karne ya 20, umbo hilohilo 适 likachaguliwa kuwa kifupi cha herufi nyingine, 適, isomwayo shi. Mchina wa leo akiona jina hili kwenye kitabu cha maandishi mapya anasoma Rushi bila kusita, na kompyuta ikiligeuza kurudi maandishi ya zamani inaandika 趙汝適, mtu ambaye hakuwahi kuwepo. Umbo moja la herufi, na mtu amepasuka mara tatu. Jina linalostahili ni Zhao Rukuo.

Hatua ya pili, mtu. Alikuwa wa ukoo wa kifalme wa Song na msimamizi wa biashara ya bahari huko Quanzhou, na dibaji ya kitabu chake ni ya mwaka 1225. Kwa muda mrefu hata miaka ya maisha yake haikujulikana. Kisha mwaka 1983 maandishi ya kaburi lake yakapatikana Linhai, mkoani Zhejiang, yakasema alizaliwa mwaka 1170 na kufariki mwaka 1231. Jiwe lilijibu kile ambacho tahajia zote zile zisingeweza kujibu.

Hatua ya tatu, geuza darubini. Ndani ya kitabu hicho sisi nasi tumeandikwa kwa sikio la mgeni. Nchi anayoiita 層拔, Cengba kwa pinyin, ni Zangibari, yaani pwani ya Wazanji. Yeye hakufika, alihoji mabaharia na wafanyabiashara Quanzhou. Anasema watu wa huko hufuata dini ya Waarabu, hujifunga nguo za buluu na kuvaa viatu vya ngozi nyekundu, na kwamba nchi hutoa pembe za ndovu, dhahabu, ambari na msandali. Kila mwaka, anasema, vyombo kutoka Gujarati na pwani za Waarabu huja na nguo nyeupe za pamba, vyombo vya kauri na shaba.

Na kuna jina moja zaidi, ambalo kwangu ndilo zito. Historia rasmi ya Song inataja nchi iitwayo Cengtan, iliyopeleka wajumbe China mwaka 1071 na tena mwaka 1083. Mjumbe wa mara ya pili ameandikwa 層伽尼, Cengjiani. Ukiliona kwa herufi za Kilatini unaweza kulidhani jina la Mchina. Lisome kwa sauti: wapo wachunguzi wanaosikia humo "Zanji". Mahali ilipokuwa Cengtan wataalamu bado wanabishana, na mimi sitalimaliza hapa. Lakini fikiria karani wa Kichina akimwuliza mgeni jina lake, mgeni akataja alikotoka, karani akaandika.

Tovuti kumi zinasema kitu kimoja kuhusu jina langu. Huo si ushahidi?

Zifungue zote kumi ukatafute kosa la chapa. Kama kosa ni lilelile, una tovuti moja iliyonakiliwa mara tisa. Mtandaoni, "lisemwalo lipo" haitoshi. Uliza aliyelisema kwanza alikuwa ameshika nini mkononi.

Wala usidhani wasomi wamesalimika. Mwaka 2008 kilitoka China kitabu cha kitaaluma ambamo jina Chiang Kai-shek, lililokutwa kwenye maandishi ya Kizungu, lilirudishwa kwa Kichina kuwa 常凱申, Chang Kaishen. Mwandishi alifuata sauti, akamzulia mtu mpya kutoka kwa kiongozi ambaye kila mtoto wa shule wa Kichina anamjua kama 蔣介石, Jiang Jieshi. Kisa kilipojulikana mwaka 2009 kilisambaa nchi nzima. Mtego ulikuwa kwamba jina lile ni la vipande viwili: Chiang ni Kimandarini kwa Wade-Giles, Kai-shek ni Kikantoni. Jina moja, lugha mbili.

Je, niiulize akili mnemba?

Iulize ikupe orodha ya herufi zinazowezekana, kama unavyomuuliza rafiki. Isikupe jibu. Ukiiambia "Tan" itakuletea herufi nzuri zilizopangwa vizuri na maelezo ya ukoo mzima, na huenda mzee wako hayumo. Haijauona ule mkoba wenye muhuri.

Nina majina ya Wachina kwenye nyaraka za enzi ya TAZARA. Nifanye nini?

Una bahati kidogo. Waliojenga reli ile ya kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, kati ya mwaka 1970 na 1975, waliletwa na serikali yao, na majina yao kwa kawaida yalisomwa kwa Kimandarini hata kama mtu alitoka kusini. Kwa hiyo Lam na Ng usivitarajie sana hapo. Tatizo lako ni kujua kama ni Wade-Giles au pinyin.

China ilianza kutumia pinyin rasmi kwenye machapisho yake ya lugha za kigeni tarehe 1 Januari 1979. Kabla ya hapo magazeti yetu yaliandika Peking, Mao Tse-tung, na Chou En-lai, waziri mkuu wa China, aliyezuru Dar es Salaam mwezi Juni 1965. Balozi wa China wa miaka hiyo, He Ying, utamkuta kama Ho Ying. Lakini angalia: Mchina aliyesoma shule baada ya mwaka 1958 aliijua pinyin, na akiandika jina lake mwenyewe kwenye daftari la karakana angeweza kuitumia mapema kuliko gazeti. Ndiyo maana nasisitiza kuuliza nani aliyeshika kalamu. Ukurasa mmoja wa mahudhurio unaweza kuwa na mikono miwili.

Na kama unayemtafuta hakurudi kwao, nenda Gongo la Mboto. Makaburi ya wataalamu wa Kichina yapo pale, na mawe yameandikwa kwa Kichina. Hapo hutahitaji kubahatisha sauti.

Nimesikia jina la Shanga, mji wa kale wa kisiwa cha Pate, limetokana na Shanghai. Ni kweli?

Masimulizi ya mabaharia wa Kichina waliozama karibu na Pate na kuoa huko ni ya watu wenyewe, nayaheshimu, na yanastahili kuchunguzwa. Hoja ya jina ndiyo siikubali. Waakiolojia waliochimba Shanga walikuta mji ulioanza karne ya 8, zaidi ya miaka 600 kabla ya misafara ya Zheng He, amiri wa Kichina wa karne ya 15, kufika pwani hii. Na "Shanghai" unayoisikia leo ni ya Kimandarini cha redio. Wenyeji wa mji ule hawaitamki hivyo. Kufanana kwa sauti mbili za leo hakutuambii watu wa kale walisema nini.

Kama unataka jina la Kichina lenye mguu hapa kwetu, chukua 麻林, Malin, ambalo kumbukumbu za Ming, nasaba iliyomtuma Zheng He, zinalitumia kwa nchi iliyopeleka twiga China mwaka 1415. Wengi hulisoma kuwa Malindi. Na Zheng He mwenyewe ni somo: alizaliwa kwenye familia ya Waislamu wa Yunnan kwa ukoo wa Ma, 馬, ambao Waislamu wengi wa China wanao na husemwa kuwa mwangwi wa Muhammad. Ukoo wa Zheng alipewa na mfalme mwaka 1404. Kwenye vitabu vya zamani ni Cheng Ho, na kule Semarang, Java, watu humwita Sam Po.

Je, karatasi yenyewe inaweza kusema uongo?

Ndiyo, na wakati mwingine kwa sababu ya kuponea. Marekani iliwafungia mlango Wachina kwa sheria kuanzia mwaka 1882 hadi 1943. Tetemeko na moto wa San Francisco wa mwaka 1906 vilipoteketeza kumbukumbu za vizazi, haikuwezekana tena kukanusha aliyedai kuzaliwa Marekani, na wengi waliingia kama wana wa watu hao, wana wa kwenye karatasi tu, kwa ukoo walionunua. Familia nyingine zina majina mawili hadi leo: la serikalini na la mezani wakati wa kula. Ukiwahoji wazee wa familia kama hiyo, nenda taratibu na usiwashikie karatasi usoni.

Nimepata herufi moja. Sasa?

Umeshavuka mto. Ifungue kwenye Wiktionary ya Kiingereza, ambayo kwenye ukurasa mmoja hukupa matamshi ya Kimandarini, Kikantoni, Kihakka na Kihokieni. Ulinganishe na tahajia yako. Tafuta kwa maandishi ya zamani na mapya, 陳 na 陈, maana matokeo si yaleyale. Kwa watu wa kale, China Biographical Database ya Harvard hukuonyesha majina yote ya mtu mmoja kwa pamoja. Kwa koo za kawaida, FamilySearch ina vitabu vya ukoo vilivyopigwa picha, lakini hapo utahitaji kijiji, na kijiji mara nyingi kimechongwa kwenye kaburi la mhamiaji. Kwa hiyo ukienda makaburini piga picha ya jiwe zima, hata pembeni, jua likiwa upande ili michongo itoe kivuli.

Rafiki yako Mchina wa Kariakoo atakusaidia kusoma herufi. Usimpe tahajia ya Hong Kong au Penang ukamtaka aibahatishe; kwake "Ooi" ni kelele tu kama ilivyo kwako.

Na kama herufi hazipatikani, niandikeje?

Andika tahajia kama ulivyoikuta, pamoja na kila alama na kila kistari, na utaje karatasi na mwaka. Usiisahihishe kwenda pinyin, kwa sababu ukiisahihisha umefuta dalili ya mwisho iliyobaki. Kisha, pembeni, orodhesha herufi zinazowezekana na sababu ya kila moja.

Ile familia ya pwani ilimsimamisha fundi kabla hajagusa jiwe. Sasa juu yake limechongwa Tan, kama mtaa mzima ulivyomwita, na chini yake 陳, kwa umbo lilelile la muhuri.